Mwigizaji aliyependwa kabla hajatajwa jina

Swali la wiki hii linatutaka tumtaje mwigizaji mmoja wa zamani ambaye watazamaji wa leo wangepaswa kumjua, na tueleze sababu. Wengi watamtaja Charlie Chaplin au Mary Pickford. Mimi namtaja Florence Lawrence, kwa sababu kabla yake steringi wa kike wa sinema bubu za Marekani alipendwa sura tu. Jina lake lilibaki kuwa siri ya kampuni.

Alizaliwa Hamilton, Kanada, mwaka 1886. Mama yake, Charlotte Bridgwood, aliongoza kundi la maigizo lililozunguka mji hadi mji, na Florence alipandishwa jukwaani angali mtoto mdogo, akiwafurahisha watu kwa kupiga miluzi. Kujua kupanda farasi kulimsaidia kupata nafasi za mwanzo kwenye filamu. Mwaka 1908 akajiunga na kampuni ya Biograph jijini New York, chini ya mwongozaji D.W. Griffith, kwa dola 25 kwa wiki.

Picha za wakati huo zilikuwa fupi, kama dakika kumi hivi au zaidi kidogo, na zilitoka mfululizo. Watu walikuwa wakimwona mara kwa mara, leo anachekesha, kesho analiza. Wakaanza kuiandikia kampuni barua: yule dada ni nani? Biograph haikujibu. Ilijua kwamba mwigizaji akishajulikana kwa jina, kesho atakuja kudai nyongeza. Basi watazamaji wakambatiza wenyewe, wakamwita Msichana wa Biograph. Hapo ndipo ninapomheshimu zaidi. Hakuwa na bango wala tangazo la kumpamba. Uso na mikono yake ndivyo vilivyowafanya watu wamuulizie.

Biograph ilipomfukuza mwaka 1909, Carl Laemmle wa kampuni ya IMP alimchukua. Mapema mwaka 1910 zilienea habari kwamba Florence amegongwa na tramu akafa. Machi mwaka huo, Laemmle akachapisha tangazo katika gazeti la wafanyabiashara wa sinema akilalamika kwamba ni uongo wa mahasimu wake, na kwamba Florence yu hai na anaendelea kuigiza IMP. Wengi wanaamini ni Laemmle mwenyewe aliyeuzusha uvumi ule. Kisha akampeleka St. Louis, ambako umati ulijazana stesheni kumwona. Kila nikisoma kisa hiki husifiwa ujanja wa Laemmle, nami sikubaliani. Ujanja ule usingefaa kitu kama watu hawakuwa wamekwisha kumpenda. Isitoshe, mwaka 1912 Florence na mumewe, Harry Solter, walikuwa tayari wanaendesha kampuni yao, Victor. Mwanamke kufika hapo enzi zile si jambo dogo.

Alipenda magari mno. Alibuni mkono wa ishara uliokuwa nyuma ya gari: dereva anabonyeza kitufe, mkono unapanda au kushuka kuonyesha anakata upande gani. Akabuni pia kibao kilichoandikwa "simama" kilichojitokeza dereva alipokanyaga breki. Hakuvisajili kwa hataza, yaani haki rasmi ya mvumbuzi, kwa hiyo havikumwingizia fedha. Mama yake ndiye aliyepata hataza, mwaka 1917, ya waipa ya umeme ya kioo cha mbele.

Kabla ya hapo Florence alikuwa ameshaungua na kuumia akiigiza tukio la moto. Aliporudi kazini mwili haukumkubali, na mashabiki walikuwa wameshapata nyota wengine. Katika miaka ya 1930 alikuwa akipewa na kampuni ya filamu ya MGM nafasi ndogondogo ambazo hata jina halikuandikwa. Alifariki mwaka 1938, na kaburi lake Hollywood lilikaa bila alama hadi 1991, mwigizaji mwenzake Roddy McDowall alipogharimia jiwe.

Anayetaka kumwona aanze na filamu ya Griffith ya mwaka 1909, The Country Doctor, ambamo anaigiza mke wa daktari na mama wa mtoto mgonjwa. Picha nyingi za Biograph zimesalimika kwa sababu kampuni iliweka nakala zake za karatasi katika Maktaba ya Bunge la Marekani ili kulinda hakimiliki. Mtazame anapomhangaikia mtoto kitandani, kisha utaelewa zile barua ziliandikwa kwa nini.