Kaa Nao Kwanza, Kamera Baadaye

Wasichana wanaotaka kutengeneza filamu za kutetea watu wao huniuliza wanunue kamera gani. Mimi huwauliza: hadithi hiyo ni ya nani, na mwenyewe anajua kwamba unaichukua?

Filamu ya kwanza niliyoiongoza ilihusu wake wa wavuvi wa hapa Lamu. Mwaka 2018 Mahakama Kuu ya Malindi iliamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe shilingi bilioni 1.76 kwa hasara waliyopata kutokana na ujenzi wa bandari. Mitaani ilizungumzwa habari ya wavuvi tu. Anayengoja samaki pwani, akawakaanga na kuwauza jioni, sikumsikia akitajwa. Nikaandika hadithi yake, nikaicheza mwenyewe. Mwishoni nililia ufukweni kwa sauti, buibui limejaa mchanga.

Tuliionyesha uani kwa jirani, projekta na shuka jeupe. Kina mama wakanyamaza. Kisha bibi mmoja akaniambia, "Mwanangu, huyu si miye. Mume wangu aliporudi na dema tupu nilimtilia chai, nikamwambia keti. Unga nilikwenda kuupima usiku, yeye kalala."

Nililia kweli usiku huo. Kisha tukapiga upya: mwanamke jikoni, kibaba mkononi, anapima unga kwa mwanga wa simu, hasemi neno. Mpaka leo watu wakinisimamisha njiani, hunitajia unga ule.

Kwa hivyo kaa nao kwanza. Para samaki nao. Ukishapiga, waonyeshe wao kabla ya mfadhili, kabla ya tamasha lolote, na ukiambiwa "nitoe", mtoe, hata kama hiyo ndiyo picha yako bora. Mama mmoja aliniomba nipige mikono yake tu. Majirani wakamtambua kwa hina. Mji wetu ni mdogo. Siku hizi nauliza hata kuhusu pete.

Leseni ya kupiga picha ishughulikie mapema. Na wakati wa kusi, mazungumzo yapige ndani; upepo ule hula sauti yote.

Jambo lililonichukua muda kulielewa ni kwamba filamu peke yake haishindi kesi. Leseni ya mtambo wa makaa ya mawe uliopangwa kujengwa hapa Lamu ilifutwa Juni 2019, na sababu mojawapo kubwa ni kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Waliofikisha hilo mbele ya jopo la mazingira ni watu waliohudhuria mikutano, wakatunza karatasi, wakapanda boti kwenda kutoa ushahidi. Filamu huwakusanya watu mahali pamoja. Ukizima projekta ukawaacha waende bila kujua kesho wabishe mlango gani, umewatonesha kidonda bure.

Sasa kila tunapoonyesha, tunatandika mkeka pembeni. Hapo hukaa mtu anayejua sheria, na mwenzake wa BMU, kikundi cha wavuvi kinachosimamia ufuo, mwenye orodha ya wavuvi. Mara ya mwisho kina mama saba walibaki mkekani mpaka birika la chai likaisha, kila mmoja na kitambulisho chake mkononi.