Mikunjo ya vyungu vya George Ohr
Umeuliza kwa nini vyungu vya Ohr, mfinyanzi wa Marekani, vimekunjamana na havikupasuka. Ni unyevu. Alifinyanga kwenye gurudumu udongo wa Mto Tchoutacabouffa, karibu na Biloxi, Mississippi, akavuta ukuta hadi ukawa mwembamba ajabu, kisha akaukunja ungali mbichi. Ukichelewa, mkunjo unapasuka. Ukiwahi mno, chungu chote kinalala. Angalia pia ukuta usiolingana: sehemu nyembamba hukauka na kusinyaa kwanza, nene bado, na ufa hutokea hapo zinapokutana. Miaka yake ya mwisho kazini aliviacha vingi bila rangi ya kung'aa, na kwangu hivyo ndivyo bora kabisa. Alifariki 1918; maelfu ya vyungu vilibaki kwa familia miaka zaidi ya 50.