Mbwa mgeni kavamiwa getini, nimrudishe?

SWALI: Shikamoo daktari. Niko Njiro hapa Arusha, nina mbwa wangu dume Simba ana miaka minne, juzi kaka kaniletea dume mwingine toka Machame, tumefungua geti tu Simba akamrukia, mpaka tukawamwagia maji ndo wakaachana. Sasa mgeni nimemfunga mnyororo nyuma ya nyumba, Simba yuko bandani, usiku kucha wanabwekeana. Nimrudishe au watazoeana wenyewe?

JIBU: Marahaba mama. Usimrudishe kwanza, ila wenyewe tu hawatazoeana. Mbwa wetu wengi wanashinda bandani, usiku wanafunguliwa walinde, kwa hiyo hapo getini Simba aliona ni kwake na kuna mtu kaingia. Maji mlifanya vizuri sana, mkono usipeleke kabisa katikati ya mbwa wanaopigana. Na kama kuna mtu aliguswa na jino, aoshe kidonda kwa maji yanayotiririka na sabuni dakika 15 halafu hospitali siku hiyo hiyo, hata kama kamkwaruzo kadogo.

Kabla ya chochote mpeleke mgeni kwa daktari wa mifugo achanjwe kichaa cha mbwa, na Simba naye aangaliwe majeraha, umwambie daktari kuwa walipigana na kama chanjo yake ya mwaka imepitwa.

Majeraha yakipona wakutanishe nje, mbali na geti lako, barabara iliyotulia asubuhi mapema. Watu wawili, kila mmoja na mbwa wake kwenye kamba, mnaanza mkiwa mbali hata upana wa barabara na zaidi, mnatembea upande mmoja, sio kukutana uso kwa uso. Kamba ilegee jamani, hapa ndo wengi wanaharibu, ukiikaza mbwa anabanwa shingo hawezi kugeuka wala kuondoka, anaona bora ashambulie tu. Wakiwa wametulia sogeeni kidogo kidogo siku kwa siku, mpaka wanusane nyuma sekunde chache, waiteni, muendelee kutembea. Ukiona mwili umekakamaa, mkia uko juu umekaza, macho hayabanduki kwa mwenzake, rudini mbali hapo hapo bila kupiga kelele. Akiinama mbele makalio juu, huyo anataka kucheza.

Siku ya kuingia uani watoke matembezini pamoja, mabakuli na mifupa ya buchani vyote viwe vimeondolewa. Kula ni kila mtu na kona yake, usiku banda mbalimbali. Na huo mnyororo, usimwachie Simba akiwa huru wakati mwenzie kafungwa, aliyefungwa hana pa kukimbilia.

Kuhasi kunasaidia kwa madume ila hakufuti ugomvi ulioshazoeleka. Ukiona wiki kadhaa zimepita na bado wanaumizana, hapo mwambie kaka yako amchukue.