Ukiandika kuhusu wahamiaji, sikiliza nyimbo kabla ya kutazama filamu

Kila mwaka wanafunzi wanaoandika tasnifu juu ya uhamiaji huniuliza waanzie wapi. Mimi huwaelekeza kwa Rochelle Wright, msomi wa fasihi ya Skandinavia wa Chuo Kikuu cha Illinois. Mwaka 1983 yeye na Robert L. Wright walichapisha mkusanyo wa nyimbo za wahamiaji wa Denmark. Mwaka 1998 akatoa kitabu kuhusu Wayahudi na jamii nyingine zilizotengwa katika filamu za Uswidi. Visome vyote viwili, tena kwa mfuatano huo. Ndivyo nilivyofanya kwenye tasnifu yangu, na ndivyo ningefanya tena.

Uswidi, jirani ya Denmark, nako kulikuwa na nyimbo kama hizo: kati ya 1850 na 1930 zaidi ya Waswidi milioni moja walihamia Amerika. Wengi walipanda meli kutoka Göteborg, Uswidi, hadi Hull, Uingereza, wakachukua treni hadi Liverpool, ndipo wakavuka Atlantiki. Nyimbo za safari hizo zilichapishwa kwenye vikaratasi vya bei nafuu. Nyingi hazina nota. Utakuta tu mstari unaotaja wimbo unaojulikana, kwamba hizi ziimbwe kwa mahadhi yake. Tafadhali usiuruke mstari huo! Maneno ya kumuaga mama yakiimbwa kwa mahadhi ya tenzi za kanisani ni kilio. Yakiimbwa kwa mahadhi ya polka, muziki wa dansi ya kuchangamka, huenda mtunzi anamcheka msafiri. Andika pia jina la mchapaji, mji na mwaka.

Halafu tazama Pettersson & Bendel, filamu ya Uswidi ya 1933. Bendel ni Myahudi aliyeingia Stockholm kama mzamiaji, na amechorwa kuwa mjanja wa kuchuma pesa. Ilipokuwa ikionyeshwa Berlin Julai 1935, Wayahudi walishambuliwa kwenye barabara ya Kurfürstendamm. Inaumiza kuitazama, lakini itazame na daftari mkononi. Mhamiaji wa kwenye wimbo ana mama, ana kijiji, ana mtu anayemlilia. Je, huyu wa kwenye filamu amepewa nani? Kuna anayemsubiri popote? Nchi iliyowalilia hivyo watoto wake walioondoka ilimwonaje mtoto wa wenzao aliyefika?

Maswali hayohayo yapeleke kwenye Jalla! Jalla!, filamu ya Uswidi ya mwaka 2000, ya Josef Fares, mzaliwa wa Lebanon. Humo kijana ana familia nzima inayomtafutia mchumba. Wimbo mmoja na filamu hizo mbili zinatosha sura ya kwanza, usirundike kumi.