Wasomaji Wauliza: Kupiga Filamu katika Jamii Isiyo Yako

SWALI: Mhariri, mimi ni mwanafunzi wa utangazaji, na nimevutiwa na filamu za makala zinazoonyesha maisha ya jamii mbalimbali duniani. Mwalimu wetu humtaja mara kwa mara Mfaransa Jean Rouch. Alianzaje kazi hiyo, na je, mgeni anaweza kuwapiga filamu watu wasio wa kwao bila kuwadhalilisha? (Msomaji, Morogoro)

JIBU: Rouch, aliyezaliwa Paris mwaka 1917, alikuwa mhandisi, akafika Niger mwaka 1941 kujenga barabara. Radi ilipowaua baadhi ya vibarua wake, alishuhudia tambiko lililoongozwa na bibi (nyanya) wa Damouré Zika, kijana aliyekuja kuwa rafiki na mshiriki wake wa maisha yote. Tangu hapo alizidi kuvutwa na mila za Wasonghai, jamii inayoishi kando ya mto Niger, akasomea elimu ya jamii na kuajiriwa katika kituo cha taifa cha utafiti cha Ufaransa. Zingatia hilo, kwa kuwa filamu za aina hii ni nadra kumlisha mtu, na yeye aliishi kwa mshahara wa utafiti.

Kuhusu sehemu ya pili ya swali lako, tukio moja la miaka ya 1950 lina mafunzo mengi. Rouch alirudi Ayorou, kando ya mto Niger, akawaonyesha wavuvi filamu aliyowapiga wakiwinda viboko, ambayo ndani yake alikuwa ameweka wimbo wa wawindaji ili kunogesha mapambano. Wenyewe wakaukataa: windo hutaka ukimya, na muziki ule ungemkimbiza kiboko. Rouch aliuondoa, na kuanzia hapo akaifanya desturi kuwarudishia watu picha zao na kuwashirikisha katika kubuni filamu zilizofuata. Oumarou Ganda, aliyeigiza katika filamu yake ya Abidjan ya mwaka 1958, baadaye akawa mwongozaji mwenyewe na kushinda tuzo kuu ya FESPACO, tamasha la filamu za Afrika la Ouagadougou, mwaka 1972.

Hata hivyo, si kila mtu aliridhika. Mwaka 1965 Ousmane Sembène, mwongozaji wa filamu wa Senegal, alimwambia Rouch ana kwa ana kwamba anawatazama Waafrika kana kwamba ni wadudu, na filamu ya Rouch ya mwaka 1955 kuhusu waumini wanaopandwa na pepo waitwao Hauka, iliyopigwa Gold Coast (Ghana ya leo), ililaumiwa vikali na Waafrika waliokuwa Paris. Kwa maoni yangu lawama hizo zina uzito, kwani kuonyeshwa picha zako hakukupi mamlaka ya kuamua zionyeshwe wapi, wala kwa nani.

Kwa hiyo, kabla ya kuwasha kamera, kubalianeni na wenyeji juu ya mambo mawili: lini wataitazama filamu ikiwa bado inaweza kubadilishwa, na nani kati yao atakuwa na haki ya kukataa kipande kisitumike.