Kwa nini makak hupasuka kwenye mshono
Wewe uliyeuliza kwa nini makak yako, kile chombo cha gome cha Waojibwe (watu wa asili wa Amerika Kaskazini), imechanika kwenye mshono: matundu umeyatoboa kwenye mstari mmoja. Gome la mbetula, mti wa nchi za baridi (Waojibwe huliita gome hilo wiigwaas), huchanika kufuata vile vistari vyeusi vinavyolizunguka shina. Toboa kwa msharasi, tundu moja juu, linalofuata chini kidogo, kisha shona kwa mizizi ya sprusi (mti wa jamii ya msonobari) iliyomenywa, ikapasuliwa katikati na kulowekwa. Gome likikauka, liloweke kwenye maji ya moto kabla ya kukunja. Upande wa ndani wa gome ndio unaokaa nje ya chombo. Na tafadhali sana, unapovuna Juni au Julai, kata ganda la nje tu. Ukilibandua la ndani kuzunguka shina lote, mti unakufa.