Kazi nyuma ya kamera Ufaransa: usikatae kubeba vizuizi

Vijana wa Bukavu na Lubumbashi huniuliza wasomee nini ili wapate kazi kwenye filamu za Ufaransa. Ndugu zangu, ingieni kwa mlango wowote ulio wazi, kisha mjifunze kazi ya aliye kando yenu.

Mimi niliingilia rejii, kitengo cha chai, magari, maegesho na kuzuia wapita njia kamera inapowashwa. Saa kumi na moja alfajiri nipo mtaani Paris, baridi inakata masikio, nalinda nafasi ya lori la taa. Siku moja nikapewa kujaza glasi za meza ya chakula, sharubati ya zabibu badala ya mvinyo. Nikabandika utepe mwembamba nyuma ya kila glasi ili nikijaza tena nisipitishe kiwango. Skripte akauona. Huyu ndiye anayeandika mwigizaji ameinua glasi kwa mkono upi, akiwa kwenye neno gani, ili vipande vije kuungana. Filamu iliyofuata akanichukua nimsaidie.

Nikavimba kichwa. Rejii waliponiita nikabebe vizuizi kwa siku tatu, nilikataa, nilijiona nimeshapanda. Wafanyakazi wa filamu Ufaransa hulipwa fao wakati hawana mkataba, ila sharti uwe umefikisha saa 507 ndani ya miezi 12. Nilipojumlisha zangu, zilikuwa 488. Siku tatu zile zingenivusha. Nikaosha vyombo mgahawani miezi minne, na kodi ya nyumba bado ilinishinda.

Kwa hiyo jumlisha saa zako kila mwisho wa mwezi. Tunza kila hati ya malipo, hata ya siku moja, na mkataba usainiwe kabla hujagusa kazi.

Ukitaka kujua njia hii hufika wapi, mtazame Suzanne Schiffman. Alikuwa skripte, akawa msaidizi wa mwongozaji François Truffaut, kisha akaandika naye miswada ya filamu. Mwaka 1981 walipata pamoja César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, kwa mswada wa filamu ya Le Dernier Métro. Mwaka 1987 akaongoza filamu yake mwenyewe. Naamini kabisa kwamba kuandika alijifunzia pale pale, daftari mkononi, akitazama mikono ya waigizaji.

Daftari langu la sasa lina kurasa mbili za mwisho zisizo za skripte: namba za madereva, mafundi taa na watu wa mavazi. Rejii wako juu kabisa.